Tuwape Wachezaji Wetu Kazi ya Ualimu

Maneno yaliyosemwa mbele ya wapenzi wa mpira, Namtumbo, mkoani Ruvuma



Twajua kila mmoja ameacha kazi yake, na mkulima hana siku ya kuchezea. Kwa hivyo hatutazunguka. Tumekusudia kusema juu ya jambo moja tu, nalo ni hili: mchezaji wetu wa ligi ya mkoa akiacha kucheza, anakwenda wapi? Tukilijibu swali hilo vizuri, mpira wa Namtumbo utakwenda mbele. Tukilipuuza, tutabaki kuanza upya kila mwaka, kama mtu anayechota maji kwa pakacha.

Mnamjua mchezaji tunayemsema, maana ni mtoto wenu. Alianza na chandimu, kwa mpira wa makaratasi uliofungwa kwa kamba, bila viatu. Shule ya msingi akachaguliwa kwenda UMITASHUMTA. Aliyebahatika kufika sekondari akaonekana UMISSETA. Baadaye akaichezea timu ya kijiji, akaingia ligi ya wilaya, na timu ilipofanya vizuri akafika ligi ya mkoa. Akasafiri mpaka Songea, mwendo wa kilomita kama 70, wakati wa vumbi na wakati wa lami. Alilipwa nini? Nauli, sahani ya wali na chupa ya soda. Siku ya ushindi wapenzi walichangishana, naye akapata kidogo cha kupeleka nyumbani. Kesho yake alfajiri alirudi kwenye mahindi au kwenye tumbaku.

Amefanya hivyo miaka 10, pengine 12. Kisha goti likaanza kumsumbua. Vijana wenye mbio wakatokea. Siku moja majina yakasomwa na lake halikuwamo, wala hakuna aliyesimama kumwambia ahsante. Tangu siku hiyo utamkuta amekaa pembeni ya uwanja, chini ya mwembe, akitikisa kichwa kila beki wetu anaposimama mahali pasipofaa. Ameliona kosa kabla halijatendeka, na anajua dawa yake. Lakini nani amemwuliza?

Ndugu, hapo ndipo penye hasara yetu. Miguu ya mtu kuchoka ni jambo la Mungu, halina ubishi. Lakini maarifa yaliyokaa kichwani mwa mtu huyo tumeyalipia sisi, kwa michango yetu na kwa muda wake, halafu tunayaacha yaoze kama mahindi yaliyokosa ghala. Mtoto wa miaka 10 anayecheza leo hapo nje anaanza alifu, kana kwamba hapajawahi kuwa na mchezaji Namtumbo.

Wako watakaosema kwamba hayo ni ndoto, na kwamba ualimu wa mpira ni kazi ya watu wa Dar es Salaam na wageni kutoka Ulaya. Na tuitazame historia ya nchi yetu wenyewe.

Mwaka 1980 Taifa Stars ilicheza fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika kwa mara ya kwanza, mjini Lagos. Bao la Peter Tino pale Ndola, katika sare ya 1–1 na Zambia mwaka 1979, ndilo lililotupeleka. Benchi lile lilikuwa na mgeni, Slawomir Wolk wa Poland, lakini alikuwapo pia Mtanzania mwenzetu, Joel Bendera. Tulifungwa na Nigeria 3–1 na Misri 2–1, tukatoka sare ya 1–1 na Ivory Coast. Baada ya hapo tulikaa miaka 39 bila kurudi kwenye fainali zile, hadi mwaka 2019.

Januari 2024 tulikuwa tena kwenye fainali, safari hii nchini Ivory Coast. Baada ya kufungwa na Morocco 3–0, kocha mgeni alisimamishwa na CAF, timu ikabaki bila kichwa katikati ya mashindano. Nani alishika usukani? Mtanzania, Hemed Suleiman, ambaye watu wamezoea kumwita Morocco. Chini yake vijana walitoka sare na Zambia 1–1, wakatoka sare na Kongo 0–0. Novemba mwaka huohuo aliiongoza Taifa Stars kuifunga Guinea 1–0 na kufuzu fainali nyingine. Agosti 2025 akaifikisha robo fainali ya CHAN, mashindano ya wachezaji wanaocheza ligi za nyumbani. Mtu huyo hakushushwa na ndege akitoka Ulaya. Ni wa hapahapa.

Na wale waliotoka kwenye kucheza wakaingia kwenye kufundisha? Wapo, tena majina yao mnayajua. Abdallah Kibadeni aliifungia Simba mabao 3 siku ile ya Julai 1977 Yanga ilipofungwa 6–0. Mwaka 1993 akiwa mwalimu aliifikisha Simba fainali ya Kombe la CAF dhidi ya Stella ya Abidjan. Mecky Mexime alikuwa nahodha wa Taifa Stars na mchezaji wa Mtibwa Sugar, kisha akaifundisha Mtibwa ileile. Alipohamia Kagera Sugar, timu hiyo ya mkoani ikamaliza ya tatu katika Ligi Kuu ya 2016/17. Fred Felix Minziro alikuwa beki wa Yanga. Alipokuwa mwalimu aliipandisha Singida United Ligi Kuu mwaka 2017, akaipandisha na Geita Gold mwaka 2021. Singida na Geita, ndugu zetu, ni mikoa kama huu wetu.

Lakini mfano unaotugusa zaidi ni wa Juma Mgunda wa Tanga. Aliichezea Coastal Union, timu ya mkoani iliyochukua ubingwa wa nchi mwaka 1988. Miguu ilipochoka hakuipa Tanga kisogo. Alibaki akaifundisha Coastal. Julai 2022 aliiongoza mpaka fainali ya Kombe la Shirikisho pale Arusha, wakatoka na Yanga 3–3, wakashindwa kwa penalti tu. Miezi miwili baadaye Simba ilipobaki bila mwalimu mkuu, ilimwita yeye. Katika Ligi ya Mabingwa Afrika akaifunga Nyasa Big Bullets ya majirani zetu wa Malawi, nje na nyumbani, kisha Primeiro de Agosto ya Angola, nje na nyumbani. Mechi nne, ushindi mara nne, na Simba ikaingia hatua ya makundi. Watu wa Dar es Salaam waliuliza amekuwa wapi siku zote. Alikuwa Tanga, akifanya kazi.

Je, hapa petu hawamo? Wamo. Tofauti ni kwamba sisi hatujawatengenezea njia.

Sasa tuseme neno ambalo pengine halitawafurahisha wachezaji wa zamani waliopo hapa. Kucheza ni kazi moja, na kufundisha ni kazi nyingine. Aliyekula ugali miaka 30 si lazima awe mpishi. Mchezaji huufahamu mwili wake mwenyewe. Mwalimu hana budi kuifahamu miili ya watoto 20 ambao hawalingani. Mchezaji huambiwa zoezi. Mwalimu hulipanga, akajua kwa nini linatangulia hili na kufuata lile, na lini litosheke. José Mourinho wa Ureno, aliyechukua Kombe la Ulaya na Porto mwaka 2004, hakuwa mchezaji wa kutajwa. Alianza kazi kwenye timu kubwa kama mkalimani wa mwalimu Mwingereza, akasikiliza na kuandika, akajifunza. Basi mchezaji wa ligi ya mkoa ambaye hakuwahi kuvaa jezi ya taifa asijione mdogo. Na yule aliyevuma sana asidhani kuvuma kunatosha.

Tutoe mfano mmoja wa yanayotendeka viwanjani kwetu. Kijana ameteguka kifundo cha mguu. Papo hapo anatokea mtu na maji ya moto, anakandwa na kuvutwa kwa nguvu, anafungwa kitambaa, anarudishwa kucheza. Kifundo kikiwa kibichi hivyo, moto na kukandwa huzidisha uvimbe. Dawa ya kwanza ni kumtoa nje, kumpumzisha, kumwekea kitu cha baridi na kuuinua mguu. Na asipoweza kuukanyagia, apelekwe hospitali. Ni vijana wangapi Namtumbo wameacha mpira wakiwa na miaka 19, si kwa kukosa kipaji, ila kwa kifundo kilichochezewa kabla hakijapona? Mwalimu aliyesoma hujifunza mambo hayo. Hujifunza pia kwamba mtoto wa miaka 9 hakimbizwi mlimani kama askari, bali hupewa mpira aguse mara nyingi kadiri iwezekanavyo. Na kwamba mtoto aliyekosea haadhibiwi kwa matusi mbele ya wenzake.

Elimu hiyo ina ngazi, na ngazi hizo zinajulikana. Leseni ya ualimu inaanzia D, kisha C, kisha B, kisha A, na juu yake ipo ya ualimu wa kulipwa wa daraja la juu. Kozi husimamiwa na TFF kwa utaratibu wa CAF, na vyama vya mpira vya mikoa ndivyo vya kuulizwa kwanza. Na karatasi hiyo si pambo la ukutani. Mwaka 2021 Didier Gomes, Mfaransa aliyeifundisha Simba na kuifikisha robo fainali ya Afrika, aliambiwa kwamba cheti alichokuwa nacho hakikutosha kukaa benchi kama mwalimu mkuu katika mashindano ya CAF. Ikiwa sheria imemshika mtu wa cheo hicho, mnadhani itamwachia nani?

Na watoto wa kike tusiwasahau. Oktoba 2022, Serengeti Girls, wasichana wetu wa chini ya miaka 17, walicheza Kombe la Dunia huko India. Walifungwa na Japan 4–0 katika mechi ya kwanza. Wengi wetu tulisema basi, yamekwisha. Wakaamka, wakaifunga Ufaransa 2–1, wakatoka sare na Kanada, wakaingia robo fainali. Mwalimu wao alikuwa Mtanzania, Bakari Shime. Wasichana wale walikuwa wamekaa mbele ya mtu aliyewafundisha kwa lugha yao, naye akawaeleza namna ya kusimama tena baada ya kuanguka. Mabinti wa Namtumbo nao wana miguu. Hawana mwalimu.

Labda mtu atauliza, mbona hamsemi juu ya Majimaji? Twasema. Jina lile ni zito. Linatukumbusha vita vya 1905 hadi 1907, na wazee wetu walionyongwa Songea tarehe 27 Februari 1906. Timu iliyobeba jina hilo imewahi kuwa bingwa wa Muungano, ikawatia hofu wakubwa wote waliopanda mpaka Songea. Ikarudi Ligi Kuu msimu wa 2015/16, na msimu wa 2017/18 ikashuka. Siku ile watu walilia, wakalaumu viongozi, wakalaumu waamuzi, wakalaumu hata hali ya hewa. Lakini mto Ruvuma haujazwi na mvua inayonyesha juu yake peke yake. Hujazwa na vijito. Songea mjini itapata wapi wachezaji waliofundwa, ikiwa Namtumbo, Tunduru, Mbinga na Nyasa zimekauka? Mchezaji anafika mjini na miaka 20, ndipo anafundishwa kupokea mpira kwa mguu wa kushoto. Amechelewa miaka 10. Anayetaka Majimaji irudi juu aanze na uwanja wa kijiji chake.

Tumefika kwenye fedha, na hapa tunaomba tusikilizane kwa upole.

Kila mwaka mazao yakishauzwa, mashindano huanza. Kombe la mbuzi hapa, kombe la ng'ombe pale. Timu zetu huchanga. Fedha hizo huenda wapi? Huenda kwa mamluki. Analetwa mshambuliaji kutoka mjini, analipiwa nauli, analala, anakula kuku, anafunga mabao mawili, anaondoka na bahasha. Mbuzi tumempata, tumemla jioni hiyohiyo. Kesho yake tuna nini? Kijana wetu aliyekaa benchi akimpisha mgeni amejifunza nini? Tufanye hesabu wenyewe, kila timu ifungue daftari lake la miaka mitatu iliyopita: nauli za mamluki, chakula chao, bahasha zao. Tukishajumlisha, tuulize gharama ya kumpeleka mtu wetu mmoja kwenye kozi ya ngazi ya kwanza, pamoja na nauli na malazi yake. Hatutaji kiasi hapa, kwa sababu tunataka kila timu iipate kwa kalamu yake yenyewe. Aliyekokotoa mwenyewe hasahau.

Tumesikia hoja tatu za kupinga, na ni haki zijibiwe.

Ya kwanza: "Tukimsomesha, atatukimbia aende mjini." Huenda. Lakini tuandikiane naye kabla hajaondoka, kwamba akirudi atafundisha hapa misimu mitatu, na kwamba katika misimu hiyo atamlea msaidizi wake. Akiondoka baada ya hapo, ametuachia mwingine, na jina la Namtumbo limekwenda pamoja naye. Hakuna mzazi anayeacha kumsomesha mtoto kwa kuogopa kwamba ataajiriwa mbali.

Ya pili: "Tutamlipa nini?" Tusimdanganye kwa mshahara tusio nao. Sisi ni wakulima, tumlipe kikulima. Timu ilime ekari moja ya mahindi, wachezaji na wapenzi washike jembe siku za Jumamosi, na mavuno yawe ya mwalimu. Watu waliokwisha kulima tumbaku hawawezi kushindwa na ekari moja. Jambo hilo lina faida nyingine: mchezaji aliyelima shamba la mwalimu wake hatachelewa mazoezini, maana anajua jasho lililomo.

Ya tatu: "Huyo mchezaji wa zamani hakusoma sana." Hatujaomba profesa. Tunaomba mtu ajuaye kusoma na kuandika, mwenye subira, asiye mlevi, anayependa watoto na anayeaminika nao. Huyo anaweza kuanza ngazi ya D na kupanda. Asiye na subira, hata awe alifunga mabao 40, tumwache ashangilie.

Basi tunapendekeza mambo manne, nayo yako mbele yenu myakubali au myakatae.

Kwanza, kila timu iandike majina ya wachezaji wake walioacha kucheza katika miaka 10 iliyopita, na mahali walipo. Hatuwezi kumtumia mtu ambaye tumemsahau.

Pili, kabla ya msimu ujao wa mashindano, tuchague kati yao watu wawili, mwanamume mmoja na mwanamke mmoja, tuwapeleke kozi kwa fedha ambayo ingeliwa na mamluki. Na ikiwa hatuna mwanamke aliyecheza ligi, tumchukue mwalimu wa shule mwenye moyo wa mpira.

Tatu, watu hao wakirudi wapewe watoto kwanza, kabla ya timu kubwa. Timu kubwa inataka mbuzi wa kesho. Watoto ndio ng'ombe wa miaka 10 ijayo.

Nne, mchezaji wetu anayeacha kucheza aagwe mbele ya watu, apigiwe makofi, na siku hiyohiyo aulizwe: je, uko tayari kufundisha? Swali hilo ni zawadi kubwa kuliko saa ya mkononi. Linamwambia kwamba bado tunamhitaji.

Kwenu ninyi wachezaji ambao magoti yameanza kuuma, tuna neno moja. Msingoje mpaka jina lenu lisisomwe. Anzeni sasa, mkiwa bado mnacheza. Jioni mbili kwa wiki wakusanyeni watoto 10 wa mtaani kwenu. Nunueni daftari, andikeni mlichowafundisha, na mwandike kilichoshindikana. Siku mtakapokwenda kwenye kozi, daftari hilo litakuwa nusu ya elimu yenu. Mtu haanzi ualimu siku anayopewa cheti. Cheti humkuta akiwa kazini.

Kwenu ninyi wazee na mama zetu, tunawaomba jambo dogo. Mtoto akiomba ruhusa ya kwenda mazoezini, ulizeni: anafundisha nani? Mkiambiwa hakuna mwalimu, msimzuie mtoto, njooni mtuulize sisi. Mkituuliza mara tatu tutaona haya, na mtu mwenye haya hufanya kazi.

Tulivyosema mwanzo, hatukuja kuzunguka. Daftari liko hapo mezani, na kalamu iko juu yake. Timu ambazo wajumbe wao wapo, waandike leo jina la mchezaji mmoja waliyemwacha chini ya mwembe, na mmoja wao aende kwake kesho asubuhi, kabla hajatoka shambani, amwambie kwamba Namtumbo inamwita.